Mfranjipani wa mama umepukutisha majani, ncha imekuwa nyeusi: ni kiu au maji yamezidi?

Binti wa Tatu

Habari zenu wapenda maua. Naomba msaada, na mnivumilie kwa urefu, nataka kueleza kila kitu ili asiwepo wa kukisia.

Nina mfranjipani mmoja kwenye chungu, ule wa maua meupe yenye kiini cha manjano. Umetoka kwenye mti wa mama. Mwaka jana, kabla nyumba yake haijauzwa, nilikata tawi moja lenye vichwa viwili, urefu wake ni kama kutoka kiwiko changu hadi ncha za vidole na zaidi kidogo. Nikalifunga kwenye gazeti, nikaja nalo. Mti wenyewe umeshakatwa, wenye nyumba wapya walitaka nafasi. Hakuna tena pa kurudi kuchukua jingine.

Tawi lilishika. Lilitoa majani kumi na moja, nilikuwa nayahesabu kila asubuhi kabla sijatoka. Halikuchanua, lakini sikuwa na haraka. Wiki sita zilizopita, hali ya hewa ilipoanza kupoa, majani ya chini yakageuka manjano, moja baada ya jingine, ukiligusa tu linadondoka. Nikaona ni kiu. Nilikuwa nalimwagilia kikombe kimoja asubuhi, nikaongeza cha jioni. Majani yakazidi kuanguka. Leo limebaki shina tupu. Kichwa cha kushoto kimekuwa cheusi nchani, na ngozi ya shina imeanza kukunjamana kama ngozi ya mtu mzee.

Chungu ni cha plastiki, kikubwa, kinameza ndoo ya lita ishirini. Kina matundu, na chini nimeweka sahani ili maji yasichafue sakafu. Udongo ni mweusi wa bustanini, nilichanganya na samadi. Kinakaa sebuleni karibu na dirisha, jua linakifikia kwa muda wa saa mbili hivi.

Mama sikumwona hata siku moja akiumwagilia ule mti. Lakini ule ulikuwa ardhini, huu uko chunguni, nikaona huu unanitegemea mimi. Umekufa? Niongeze maji au nipunguze? Kukunjamana kwa ngozi si dalili ya kiu?

Mkulima Mdogo

Pole sana dada. Mimi naona ni njaa. Majani ya chini yakianza kuwa manjano mara nyingi ni upungufu wa naitrojeni. Weka mbolea ya kukuzia, mwagilia vizuri, utaona mabadiliko.

Mzee wa Vyungu

Binti, usiweke mbolea leo, na usimwagilie hata tone mpaka tumalize mazungumzo haya.

Ndugu yangu Mkulima Mdogo hajakosea kwamba umanjano wa majani ya chini unaweza kuwa njaa. Lakini mmea usiokuwa na jani hata moja hauli. Mbolea ukiiweka kwenye mizizi iliyolala au iliyooza ni chumvi kwenye kidonda.

Nimekaa na mifranjipani ya vyunguni zaidi ya miaka ishirini. Iliyonifia, yote ilikufa kwa maji. Wa kufa kwa kiu sijauona bado.

Kwako naona mambo mawili yamekuja pamoja, na ndiyo maana umechanganyikiwa. La kwanza ni usingizi. Asili ya mti huu ni Meksiko, Amerika ya Kati na visiwa vya Karibi, sehemu zenye miezi mirefu bila mvua. Kukianza kupoa au kukauka, aina nyingi hupukutisha majani yote na kulala. Joto likishuka chini ya nyuzi 10 za selsiasi mti unasimamisha kila kitu, na baridi ya kugandisha maji inauua. Kwa hiyo majani yako ya kwanza kuanguka hayakuwa ugonjwa. Mti ulikuwa unakuambia unakwenda kulala, wewe ukaamua kuunywesha mara mbili kwa siku.

La pili ndilo linalonitia wasiwasi: ile ngozi. Ni kweli shina linakunjamana likiwa na kiu. Linakunjamana vilevile mizizi ikioza, maana mizizi iliyooza haipandishi maji hata ukiizamisha ndani ya pipa. Shina nene unaloliona ndilo mtungi wa mti huu. Tawi lililokatwa linaweza kukaa wiki nyingi bila udongo wala maji likaishi kwa akiba yake. Nimewahi kuona moja lililosahauliwa juu ya rafu likatoa tumba la ua huko huko.

Fanya hivi. Bonyeza shina kwa kidole gumba, anzia juu, shuka taratibu mpaka linapoingia udongoni, zunguka pande zote. Pakiwa pagumu kama kiazi kibichi, hata kama pamekunjamana, pana uhai. Kidole kikizama, pameoza. Kisha toa mmea wote chunguni uangalie mizizi. Usiogope kuutoa, hauna jani la kuumia. Rudi utuambie ulichokiona.

Binti wa Tatu

Shikamoo mzee, na asante. Nimefanya usiku huu huu, nisingeweza kulala.

Vichwa vyote viwili ni vigumu. Ile ncha nyeusi ya kushoto imekauka, kama sentimita tatu hivi, chini yake pagumu. Shina la katikati gumu. Lakini pale linapogusa udongo, upande mmoja, kidole kilizama. Ngozi ilichanika yakatoka maji ya kahawia, yana harufu ya maji ya chombo cha maua yaliyokaa wiki nzima.

Udongo wa juu ulikuwa mkavu, ndiyo maana kila asubuhi nilikuwa nagusa nasema una kiu. Kumbe chini ya urefu wa kidole ni tope. Nilipopindua chungu, nusu ya chini ilitoka kama uji, na sahani ilikuwa na maji ambayo sijui yana siku ngapi. Mizizi ni ya kahawia. Niliushika mmoja nikauvuta kidogo, ganda likavuka lote likabaki mkononi, ndani ukabaki uzi mwembamba. Nilikaa chini sakafuni.

Kuna cha kuokoa?

Mzee wa Vyungu

Marahaba binti. Kipo, tena kingi. Umewahi. Uozo huu unaanzia chini unapanda, na wako bado uko chini. Mizizi usiihangaikie, imekwenda. Sasa turudi kwenye hali ile ile uliyoufikia mti wa mama na kisu mkononi, yaani tuchukue kipandikizi upya.

Tafuta kisu kikali au msumeno mdogo, upanguse kwa spiriti. Vaa glavu. Utomvu wake mweupe unawasha ngozi na ukiingia machoni unauma vibaya, kwa hiyo watoto na wanyama wakae mbali, na usijishike uso. Anza kukata juu ya sehemu laini. Tazama uso wa mkato: ukiona nyama nyeupe inayoelekea kijani, na utomvu unatoka mzingo mzima, hapo ni pazima. Ukiona duara la kahawia, au hata kitone kimoja katikati, panda juu sentimita mbili ukate tena. Kila mkato, pangusa kisu kwanza. Hapa ndipo wengi wanakosea: kisu kilichopita kwenye uozo kinaupeleka kwenye nyama safi. Usilihurumie tawi. Ukiacha kitone kimoja, baada ya wiki mbili utakuwa umerudi hapa hapa.

Na kwa kuwa una vichwa viwili, usiweke roho yako yote kwenye chungu kimoja. Vitenganishe upate vipandikizi viwili. Kila kimoja kikiwa na sentimita 25 au 30 kinatosha. Ile ncha nyeusi kata mpaka pazima. Kitachipua kwa ubavuni. Ujue tu kwamba maua ya mti huu hutoka kwenye ncha, kwa hiyo cha kushoto kitachelewa kuchanua na cha kulia kitatangulia.

Ukimaliza, vilaze kivulini penye hewa mpaka kidonda kikauke kigumu kama kizibo. Kwa kawaida ni siku kumi hadi wiki mbili. Lakini wewe uko kwenye miezi ya baridi, na mizizi haioti kwenye udongo wa baridi. Ushauri wangu ni usipande sasa. Viache vikavu, mahali penye joto na mwanga, mpaka hali ya hewa ibadilike. Vitanywea kidogo, usishtuke. Vizuie visikae juu ya sakafu ya baridi na visipate unyevu. Basi.

Roshani ya Tano

Dada, mimi naishi ghorofani, mifranjipani yangu yote iko vyunguni, kwa hiyo niongeze kuhusu chungu na udongo, maana hata ukipona huu uozo, chungu kile kitaurudisha.

Chungu chako kilikuwa kikubwa mno. Kipandikizi chenye mizizi ya kiganja kimoja hakiwezi kunywa maji ya lita ishirini za udongo. Yanayobaki yanakaa yakioza. Ukipanda tena, chukua chungu chenye upana wa sentimita 15 au 18, na kama unapata cha udongo wa kuchomwa, bora zaidi, kinapumua ubavuni. Kisha unauhamishia chungu kikubwa zaidi kwa saizi moja tu, kila miaka miwili au mitatu, mizizi ikijaa.

Udongo mweusi wa bustanini peke yake hapana. Mimi natumia nusu mboji iliyooza vizuri, nusu kitu chenye punje kubwa: mchanga wa chengachenga, mawe mepesi ya volkano yaliyopondwa, au kokoto ndogo ndogo. Mchanga laini laini usiutumie, unashikana na udongo ukawa kama saruji. Kipimo changu ni kwamba nikimwaga maji juu, nianze kuyaona chini kabla sijahesabu hadi thelathini. Na ile desturi ya kuweka tabaka la mawe chini ya chungu eti maji yapite, niliiacha. Maji hayashuki kwa urahisi kutoka kwenye udongo laini kuingia kwenye mawe mpaka udongo wenyewe ushibe kabisa, kwa hiyo unapandisha tu lile tope karibu na mizizi. Changanya hayo mawe ndani ya udongo, yatakufaa zaidi.

Sasa maji. Kikombe kila siku ndicho kibaya kuliko vyote, kwa sababu huoni kinakwenda wapi. Mwagilia kwa kushibisha, mpaka maji yatoke matunduni, umwage yaliyobaki kwenye sahani, halafu uache kabisa. Usiangalie udongo wa juu, umeona ulivyokudanganya. Chomeka kijiti kikavu mpaka chini, kiache dakika chache, kitoe. Kikitoka na giza au udongo umenata, subiri. Mimi siku hizi hata kijiti situmii. Nakiinua chungu kwa mkono mmoja mara tu baada ya kumwagilia, nakiinua tena kila asubuhi. Siku kikiwa chepesi mpaka unashangaa, ndiyo siku ya maji. Kwenye jua kali na majani yamejaa, hufika kila siku mbili au tatu. Kukiwa na mawingu, wiki nzima inaisha. Majani yakishaanguka yote, mimi huacha kabisa. Nikiona shina limekonda sana ndipo natia kikombe kimoja kwa mwezi.

Halafu jua. Saa mbili hazitoshi, unahitaji sita au zaidi, jua la moja kwa moja, si mwanga wa sebuleni. Nje kama una nafasi. Uzoeshe kidogo kidogo kwa siku kumi, maana uliotoka ndani ukiuweka ghafla kwenye jua la mchana majani yanaungua.

Mkulima Mdogo

Nakubali nilikimbilia mbolea, dada nisamehe, ungenisikiliza ungeupoteza. Mzee, naomba kuuliza na la kwangu. Ninao mfranjipani ardhini, mrefu umenipita, majani makubwa ya kijani mpaka unapendeza, lakini mwaka wa tatu huu hakuna ua. Naupa urea kila baada ya miezi miwili, na kila mwaka naupunguza matawi uwe na umbo zuri. Juzi tena chini ya majani nimeona unga wa rangi ya chungwa.

Mzee wa Vyungu

Umejijibu mwenyewe ndugu yangu. Urea ni naitrojeni tupu, na naitrojeni ni majani na matawi marefu malegevu. Acha kabisa. Ukitaka kulisha, tafuta mbolea ambayo naitrojeni yake haizidi fosforasi na potasi, uitie wakati mti uko macho na una majani, si zaidi. Halafu hiyo mikasi. Nimesema maua hutoka kwenye ncha. Wewe kila mwaka unakata ncha zilizokuwa zimekomaa, mti unaanza kutengeneza nyingine, zikikaribia unazikata tena. Uache ukae. Baada ya kuchanua, tawi lenyewe hugawanyika likatoa mawili au matatu, na kila moja litakuwa na ncha yake. Umbo zuri utalipata bila mikasi. Ukilazimika kupunguza, fanya hivyo mti ukiwa umelala, karibu na kuamka.

Unga wa chungwa ni kutu ya majani, ni kuvu. Hauui mti, lakini unaangusha majani mapema. Yakusanye yote yenye unga pamoja na yaliyoanguka, uyachome au uyatupe mbali, usiyaweke kwenye mboji. Ukimwagilia, mwagilia chini, usirushe maji juu ya majani, tena asubuhi. Kama matawi yamebanana, hapo ndipo unaruhusiwa kutoa moja la katikati hewa ipite.

Binti wa Tatu

Nimerudi, karibu miezi minne imepita. Nilisema nitanyamaza mpaka niwe na la kusema.

Usiku ule nilikata mara tano. Mkato wa kwanza ulikuwa wa kahawia nusu. Wa pili, duara. Wa tatu na wa nne, kitone katikati kidogo kama kichwa cha pini, na mkono ulikuwa unanitetemeka kwa sababu kila mkato nilikuwa napunguza mti wa mama. Wa tano utomvu ukatoka mweupe pande zote, ukadondoka kwenye gazeti. Nikatenganisha vichwa viwili. Nikavilaza juu ya kabati, karibu na dirisha la jikoni kwenye joto, nikaviacha kama mzee alivyosema. Vilikonda mpaka nikakata tamaa mara mbili.

Joto liliporudi nikapanda, kina cha vidole vinne, kwenye vyungu viwili vidogo vya udongo wa kuchomwa, nusu mboji nusu kokoto. Nikavifunga kwenye vijiti ili visitikisike. Nikamwagilia mara moja kulowesha udongo, kisha nikaacha. Hiyo ndiyo kazi ngumu kuliko zote nilizofanya. Asubuhi nilikuwa naenda na kikombe cha chai nasimama pale, mkono mwingine sina la kuufanyia.

Kipandikizi cha kushoto hakikushika. Kilizidi kukonda, nilipokibonyeza wiki ya tano kilikuwa kitupu ndani, kimekauka kama bua. Nimekilia, lakini hakikuoza, angalau hilo.

Cha kulia, leo ni wiki ya saba. Kwenye ncha kuna makucha matatu ya kijani, yamefumba, yanang'aa. La katikati lina urefu wa ukucha wa kidole changu cha mwisho. Nimevuta shina kidogo sana, nikahisi linakataa.

Mzee, sasa nimwagilie?

Mzee wa Vyungu

Alhamdulillahi. Kushibisha hapana binti, bado. Na usilivute tena, mizizi ya sasa inakatika kwa kuguswa. Makucha hayo yanatoka kwa akiba ya shina, hayathibitishi kwamba mizizi inatosha; kuna vipandikizi hutoa majani mawili bila mzizi hata mmoja kisha vikafa. Kwa sasa ni kikombe kidogo kimoja tu kila baada ya siku kumi, pembeni ya chungu, si shingoni mwa shina, ili mizizi ifuate. Majani yakifunguka, yakafika matatu yaliyokomaa na kukaa imara bila kunywea mchana, hapo anza mwendo wa Roshani ya Tano: shibisha, inua chungu, subiri. Mbolea usiweke mpaka majani yawe sita.

Binti wa Tatu

Nimeelewa. Siku kumi, pembeni. Nimeandika kwenye karatasi nimeibandika ukutani juu ya chungu, ili na watoto waione wasije wakanisaidia.